Kuchaji betri ya gari kwa pawa saplai ya mezani

Mimi ni fundi wa redio, televisheni na vibao vya friji hapa Ngamiani, Tanga. Betri za magari hazimo kwenye bango langu la nje, lakini pawa saplai, kile kifaa cha kutoa volti na ampea unazozipanga mwenyewe, iko mezani na majirani wanaijua. Anakuja mwenye Noah iliyolala uani mwezi mzima, anakuja mwenye pikapu ya kubebea samaki, wote na ombi moja: "Fundi, hebu ipige chaji kidogo." Na siku hizi vijana wanaojifunza ufundi wananunua pawa saplai zao wenyewe, zile za volti 30 na ampea 5 au 10, halafu wanauliza kama zinaweza kufanya kazi ya chaja.

Zinaweza. Tena ikipangwa sawasawa, pawa saplai inachaji vizuri kuliko chaja nyingi za bei nafuu, kwa sababu volti na ampea unaziona kwa macho na unaziamuru wewe. Tatizo ni kwamba yenyewe haijui kama imefungwa betri, redio au kipande cha waya. Inatoa ulichoipangia mpaka uizime. Kujua betri ni kazi yako.

Wanaoanza huogopa umeme wa ukutani na kuidharau betri. Naomba uigeuze hofu hiyo. Ukigusanisha nyaya za pawa saplai, inafika kwenye ampea ulizoiwekea na kuishia hapo. Betri haina kizuizi kama hicho. Ya gari dogo tu, spana ikigusa vichwa vyake viwili, inatoa mamia ya ampea papo hapo. Spana inakuwa nyekundu na cheche zinaruka juu ya matundu yanayotoa haidrojeni. Kwa hiyo ukishafunga nyaya zako mbili, umeunganisha vyanzo viwili vya umeme vinavyotazamana, na chenye nguvu zaidi ni kile kisicho na taa wala feni. Karibu kila tahadhari ninayoieleza hapa inatokana na hilo.

Betri ya kuchaji na ya kuacha

Ninazungumzia betri ya risasi na asidi ya volti 12: seli sita zilizofuatana, kila moja ikitoa volti 2.1 hivi ikiwa imejaa, jumla 12.6 au 12.7. Zile za lithiamu usizifuatishe maelekezo haya hata kidogo. Zina masharti yao na moto wake ni mwingine kabisa.

Kabla ya waya wowote, iangalie. Kasha likiwa na ufa, limevimba ubavuni, au kuna unyevu wa asidi unaovuja chini, usiichaji. Yenye vifuniko vya kufungua, chungulia kila seli kwa tochi, usichungulie kwa kiberiti: sahani lazima ziwe zimezama. Zikiwa wazi, ongeza maji yaliyosafishwa ya betri mpaka yazifunike tu, kisha usubiri. Kujaza mpaka alama ya juu kunafanyika baada ya kuchaji, kwa sababu kimiminika kinapanda betri inapojaa, na ukijaza mapema kitamwagika juu ya kasha. Kinachopungua ndani ni maji, asidi inabaki; kwa hiyo usiongeze asidi. Maji ya bomba nayo hapana. Ya hapa kwetu pwani yana chumvi na madini ambayo sahani hazisamehe.

Betri zilizofungwa moja kwa moja mara nyingi zina kijicho kidogo juu. Kijani ni salama, cheusi inahitaji chaji. Kikiwa cheupe au cha njano, maji yamepungua na huna pa kuyaongezea, hiyo iache.

Kisha pima volti kwa mita, gari likiwa limezimwa kwa saa kadhaa. Volti 12.4 ni karibu robo tatu, 12.2 ni nusu, 12.0 imebaki robo, na chini ya 11.8 ihesabu imekwisha. Iliyoshuka chini ya 10.5 ina maelezo yake mbele.

Soma pia ukubwa wake. Magari yetu mengi ni ya Japani, na lugha ya betri zake ni NS40, NS60, N50, N70, au namba ndefu kama 46B24L, ambamo 24 ni urefu wa kasha kwa sentimita. NS60, ambayo ndiyo hiyo hiyo 46B24, ni ampea-saa 45 hivi, yaani kiasi cha umeme inachobeba, kama ampea moja kwa saa 45. N70 ni kati ya 65 na 70. Namba hii ndiyo itakayokupa ampea za kuchajia.

Diodi na fyuzi

Hapa ndipo ninapoomba subira yako, kwa sababu hapa ndipo pawa saplai inapoachana na chaja.

Jiulize kinachotokea umeme wa TANESCO ukikatika katikati ya kazi, au uniti za LUKU zikiisha. Pawa saplai imezimika, lakini betri bado imefungwa kwenye mdomo wake, yaani pale umeme unapotokea. Umeme sasa unarudi nyuma: kutoka kwenye betri kuingia kwenye kapasita, transista na kibao cha kupimia volti. Baadhi ya pawa saplai zinavumilia, zinaimeza betri polepole tu. Nyingine zinaungua. Na zipo, hasa za zamani, zenye kinga ya volti kuzidi ambayo kazi yake ni kugusanisha mdomo kwa thairista, swichi ya kielektroniki, pindi volti zinapopita kiwango. Kwenye redio hiyo ni kinga nzuri sana. Kwenye betri, thairista ikifunga, betri nzima inamwagika ndani yake mpaka kitu kiwake.

Dawa ni diodi moja kwenye waya wa chanya, kati ya pawa saplai na betri. Umeme unakwenda, haurudi. Tumia ya aina ya Schottky, kwa sababu inakula volti kidogo. Huna haja ya kuinunua: fungua pawa saplai ya kompyuta ya mezani iliyokufa. Kwanza hakikisha imechomolewa tangu jana na kapasita zake kubwa hazina chaji. Kwenye hitisinki, bati la kupoozea, ya upande unakotokea nyaya za volti ndogo, utakuta kifaa cha miguu mitatu chenye maandishi kama MBR2045 au MBR3045. Namba hizo zinakueleza: ampea 20 au 30, volti 45. Ndani yake mna diodi mbili. Miguu ya pembeni ni anodi, pale umeme unapoingilia, iunge pamoja na kuielekeza kwenye chanya ya pawa saplai. Mguu wa kati ni kathodi, pale unapotokea, huo unakwenda betri. Thibitisha kwa mita kabla ya kuchomea, na kumbuka kwamba kwenye vifaa vyenye mgongo wa bati, bati hilo limeungwa na mguu wa kati. Usiliache ligusane na kitu chochote cha chuma. Kwenye ampea 5 diodi inatoa joto la wati mbili hivi, kwa hiyo iache na kipande chake cha hitisinki.

Faida ya pili ya diodi wengi hawaijui. Bila diodi, unapobana klipu ya mwisho, kapasita za pawa saplai zinajaa ghafla kutoka kwenye betri na cheche inaruka palepale kwenye kichwa cha betri. Ukiwa na diodi, na pawa saplai imezimwa, hakuna cheche. Kwa kazi inayofanyika karibu na haidrojeni, hilo peke yake linatosha kunifanya nisichaji bila diodi.

Lakini diodi haikukingi ukigeuza nyaya. Watu wanadhani inakinga. Fuatilia njia mwenyewe: pawa saplai nyingi zina diodi nyingine ndani, imelala kinyume kwenye mdomo, na ukifunga betri kichwa chini, umeme wa betri unapita kwenye diodi hiyo ya ndani na kwenye ya kwako vilevile, zote zikiwa zimeelekea upande unaoruhusu. Hapo kinachokuokoa ni fyuzi. Weka fyuzi ya gari ya ampea 10, ile nyekundu, kwenye waya wa chanya, si zaidi ya shubiri moja kutoka kwenye betri. Karibu na betri, sio karibu na pawa saplai, kwa sababu betri ndiyo unayoifunga mdomo. Fyuzi ikikaa mbali, waya wote ulio kati yake na betri hauna ulinzi.

Waya uwe wa shaba wa milimita 2.5 za mraba, sio vile vijiwaya vyembamba vyenye klipu ndogo vinavyokuja na pawa saplai. Vile ni vya kupimia vibao. Kwenye ampea 5 vinapata joto na vinakula volti njiani. Na klipu ziwe za betri, zenye meno na mbano wa kweli, nyekundu na nyeusi.

Vijana wengine huja na adapta ya laptopu ya volti 19, au saplai ya taa za LED ya volti 12 iliyosukumwa kidogo, wakidhani ni kitu kimoja. Si kitu kimoja. Hizo hazina kidhibiti cha ampea unachokipanga mwenyewe, na bila hicho usianze.

Kuitoa kwenye gari

Ninapendelea betri itolewe. Pawa saplai kwenye upepo wa uani, boneti wazi, watoto wanapita, si mazingira mazuri. Kwa magari mengi ya Toyota spana namba 10 inatosha. Vua pete na saa kwanza. Pete ya dhahabu ikikutana na spana na bodi ya gari inaunguza kidole mpaka mfupani. Fungua hasi kwanza, kwa sababu bodi nzima ni hasi: spana ikigusa bodi wakati unafungua hasi hakuna kitu, ikigusa wakati unafungua chanya na hasi bado ipo, umefunga betri kwa spana. Kurudisha ni kinyume chake, chanya kwanza, hasi mwisho.

Jambo moja la kumwambia mwenye gari kabla hujagusa: redio zenye ramani zilizotoka Japani kwenye Toyota nyingi hujifunga betri ikitolewa, na zikirudi zinadai namba ya kufungulia. Muulize kama anayo. Kama hana na redio anaipenda, chaji betri ikiwa ndani ya gari bila kufungua chochote, ufunguo ukiwa nje, vifaa vyote vimezimwa, na volti zisipite 14.4 kamwe. Kuacha hasi imefungwa hivyo si chaguo langu la kwanza, lakini ni la haki kwa mwenye gari.

Mahali pa kuchajia pawe na hewa inayotembea. Haidrojeni ni nyepesi na inapanda, na ikifika sehemu 4 kwa 100 za hewa inaweza kulipuka kwa cheche ndogo tu. Kibanda cha fundi chenye bati na mlango mmoja kinaikusanya juu kabisa, karibu na taa na swichi. Mimi naiweka betri barazani chini ya kivuli, juu ya ubao, pawa saplai ikiwa mezani ndani, mita moja na nusu au mbili mbali, na juu zaidi ya betri asidi isije ikairukia. Hakuna sigara, hakuna jiko la mkaa, hakuna kuchomea risasi hapo jirani. Vifuniko vya seli naviacha vimefungwa ili mvuke wa asidi usitoke, ila nahakikisha matundu yake madogo hayajaziba kwa vumbi na grisi.

Vaa miwani ya kazi. Miwani, hata kama unaona ni kazi ya dakika mbili. Weka karibu ndoo ya maji safi na kopo la magadi yaliyokorogwa kwenye maji. Asidi ikimwagika sakafuni au juu ya kasha, magadi yanatoa povu na kuiua. Yasiingie ndani ya seli. Asidi ikiruka jichoni, usitafute magadi wala maziwa, fungua bomba na uoshe jicho kwa maji yanayotiririka kwa dakika 20 kamili, kisha hospitali moja kwa moja.

Kupanga kabla ya kugusa betri

Kila kitu kinapangwa betri ikiwa bado haijafungwa.

Volti kwanza. Kwa betri ya kawaida ya maji, kikomo ni volti 14.4 kwenye vichwa vya betri, joto likiwa nyuzi 25. Juu ya hapo seli zinaanza kuchemka kwa gesi. Joto likipanda, kikomo kinashuka kwa volti 0.02 hivi kwa kila nyuzi moja. Tanga mwezi wa Februari mchana, nyuzi 33, maana yake ni 14.2. Lushoto asubuhi ya Julai, nyuzi 15, unaweza kufika 14.6. Watu hunakili 14.4 popote walipo, na betri za pwani zinakauka mapema kwa sababu hiyo.

Ongeza sasa kile kinachokuliwa na diodi. Diodi hii inakula karibu nusu volti kwenye ampea nyingi, lakini mwisho wa chaji, ampea zikiwa chache, inakula 0.2 au 0.3 tu. Panga kwa kuangalia mwisho, sio mwanzo. Hapa kwangu, siku ya joto, naweka pawa saplai 14.5, na betri inamalizia kwenye 14.2 au 14.3. Ukifidia nusu volti nzima kwa sababu ndiyo uliyoiona mwanzoni, mwisho utakuwa umeipitisha. Na skrini ya pawa saplai inaonyesha volti za mdomo wake yenyewe. Za betri zinaonyeshwa na mita uliyoigusisha kwenye vichwa vya betri, na hizo ndizo za kuamini.

Ampea: sehemu moja ya kumi ya ampea-saa. NS60 ya 45, weka 4 au 4.5. N70, weka 6 au 7 kama pawa saplai inazo. Ikiwa yako ni ya ampea 5, usiiendeshe kwenye 5 kwa saa nyingi katika joto letu. Iweke 4 na uvumilie. Ampea chache hazijawahi kuidhuru betri, zinakuchelewesha tu. Kwa pawa saplai ya nobu, rudisha nobu ya ampea sifuri, gusanisha klipu mbili mbali kabisa na betri, washa, panda taratibu mpaka 4 isomeke, kisha zima na uzitenganishe. Za kidijitali zinakuruhusu kuandika namba moja kwa moja. Kama kuna kinga ya volti kuzidi unayoweza kuipanga, iweke 15.2, kidogo juu ya kazi yako.

Fanya na jaribio hili mara moja kwa kila pawa saplai mpya: ikiwa imepangwa, bila betri, zima umeme ukutani na uwashe tena. Nyingine zinarudi zikiwa zimezima mdomo, nyingine zinarudi na kila kitu kama kilivyokuwa, na chache zinarudi na namba za kiwandani. Ya aina hii ya mwisho usiitumie kuchajia.

Kisha funga, pawa saplai ikiwa imezimwa. Waya wa chanya kwenye chanya, hasi kwenye hasi, mita ikithibitisha na sio rangi ya plastiki, kwa sababu nimeona betri zilizobadilishwa vifuniko. Mdomo wa kijani wa katikati kwenye pawa saplai ni ethi, uache wazi. Tikisa klipu uone kama zimeshika, futa ukoko mweupe au wa bluu kama upo. Ndipo uwashe.

Saa za kuchaji

Taa ya C.C. itawaka: pawa saplai inashikilia ampea, na volti zinapanda zenyewe. Betri iliyokuwa 12.1 itaruka mpaka 12.8 au 13 ndani ya dakika chache, halafu itatambaa. Hapo hakuna unachotakiwa kugeuza. Mwanafunzi wangu alipokuwa mgeni aliniuliza, "Fundi, mbona tumeweka 14.5 na inasoma 13.1, niongeze?" Hapana. Betri ndiyo inayoziburuta volti chini, na kadiri inavyojaa itaziachia.

NS60 iliyoshuka nusu, kwa ampea 4, inachukua saa tano hivi kufika kikomo. Hapo taa inahamia C.V., yaani pawa saplai sasa inashikilia volti, na ampea zinaanza kushuka: 3, 2, 1.5. Wengi wanakomea hapa kwa kuona volti zimefika. Betri bado ina robo hivi ya safari, na robo hiyo ndiyo inayoondoa ukoko wa salfeti kwenye sahani. Iache saa nyingine mbili au tatu. Imejaa pale ampea zinapofika kama sehemu moja au mbili kwa mia za ukubwa wake, yaani 0.5 hadi 0.9 kwa betri hii, na zisipobadilika tena kwa saa nzima.

Pita kila nusu saa uweke kiganja ubavuni mwa kasha. Uvuguvugu ni kawaida. Ukishindwa kukiacha kiganja hapo, betri imefika karibu nyuzi 50. Zima na uiache ipoe. Sauti ndogo ya mapovu kuelekea mwisho ni sawa, kuchemka kwa nguvu si sawa. Harufu ya mayai yaliyooza inamaanisha kuzima mara moja na kufungua nafasi kwa hewa.

Mimi sichaji usiku nikiwa nimelala, wala siiachi na kwenda sokoni. Kwa gharama usiogope: kuijaza betri ya ampea-saa 60 kutoka chini kabisa kunakula uniti moja na kidogo.

Ukimaliza, zima pawa saplai, subiri dakika kadhaa gesi iondoke, toa hasi, kisha chanya.

Betri inayokataa

Kuna kukataa kwa namna mbili, na zinatofautishwa na skrini.

Ya kwanza: unaweka kikomo, volti zinaruka hapo hapo mpaka 14.4 na ampea zinasoma 0.1 au sifuri. Sahani zimefunikwa na salfeti baada ya kukaa muda mrefu bila chaji. Usipandishe volti kwa hasira. Iache kwenye kikomo hicho hicho mchana kutwa ukiiangalia. Ikiwa ina uhai, ampea zitapanda polepole, zifike kilele, halafu zishuke kama betri ya kawaida. Isipobadilika kabisa kufikia jioni, imekwisha.

Ya pili ndiyo ya hatari. Ampea haziachi kuingia, volti zinagoma karibu na 12 au 13, kasha linapata joto, na ukichungulia seli tano zinachemka huku moja imetulia. Seli hiyo imegusana ndani. Sasa volti 14.4 zilizokusudiwa seli sita zinagawanywa kwa tano, karibu 2.9 kila moja, na hizo tano zinapikwa. Kadiri unavyoendelea ndivyo gesi na joto vinavyozidi. Izime. Ikilala usiku itasoma 10.5 au karibu na hapo, na hakuna chaja ya kuirudisha. Kwa hiyo kila betri inayokuja ikiwa chini ya 10.5 naianza na ampea 1 tu, nikiitazama kwa nusu saa, kabla ya kuamua kama inastahili zaidi.

Mwenye haidromita, kipimo cha uzito wa maji ya asidi, apime seli zote baada ya chaji. 1.265 au zaidi ni nzuri. Seli moja ikiwa chini ya wenzake kwa 0.050, jibu umeshalipata.

Betri iliyokufa iuze nzima kwa wanaozikusanya. Usiivunje kutafuta risasi, usimwage asidi mchangani. Mombasa, si mbali na sisi, wakazi wa mtaa wa Owino Uhuru walidhurika na risasi kutoka kwenye kiwanda cha kuyeyushia betri chakavu, watoto wakiwemo. Phyllis Omido aliyewapigania alipata Tuzo ya Goldman mwaka 2015, na mwaka 2020 mahakama ikaamuru walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya. Risasi ikishaingia kwenye damu ya mtoto haina chaji wala maji ya kuirudisha nyuma.

Kabla ya kumrudishia mwenyewe

Iache ilale usiku kucha bila kitu chochote, asubuhi pima. 12.6 na kuendelea, sawa. Ikishuka mpaka 12.3 wakati haikutumika, inavuja ndani na utamwona mteja wako tena wiki ijayo.

Irudishe kwenye gari, mita ikiwa kwenye vichwa vyake, mwombe mtu apige starta. Volti zisishuke chini ya 9.6 wakati injini inazungushwa. Injini ikishika, soma tena: kati ya 13.8 na 14.5 alternata, jenereta ya gari inayochaji betri, inafanya kazi. Ikibaki 12.5 na kushuka, tatizo halikuwa betri, na chaji yako ya mchana kutwa itaisha barabarani Muheza. Mpeleke kwa fundi wa umeme wa magari kabla hajasafiri. Mwisho, kila kitu kikiwa kimezimwa na milango imefungwa, weka mita ya ampea kati ya waya wa hasi na betri, subiri gari litulie kama nusu saa. Zaidi ya miliampea 50, kuna kinachokunywa umeme usiku, na kwa magari ninayoletewa, mara nyingi ni alamu au redio iliyofungwa kienyeji. Anza kutafuta hapo, ukitoa fyuzi moja moja huku unaangalia mita.